Jina la Chihiro katika Kinywa cha Kiingereza

Mvuvi wa Mafia atakaye kujua kina cha maji huteremsha kamba yenye uzito, kisha huipandisha na kuipima kwa mikono yake miwili iliyonyoshwa. Toka ncha za vidole vya mkono wa kuume hata ncha za vidole vya mkono wa kushoto ni pima moja. Wajapani walikuwa na kipimo hicho hicho cha mikono iliyonyoshwa, wakikiita hiro. Mtoto aliye mhusika mkuu wa sinema ya michoro ya Hayao Miyazaki, iliyotolewa Japani mwezi wa Julai mwaka 2001, anaitwa Chihiro, na jina hilo likiandikwa kwa alama zake mbili lasomeka "pima elfu", yaani kina kikubwa mno. Katika kisiwa ambacho mji wake mkuu waitwa Kilindoni, jina la namna hiyo halitaki maelezo marefu.

Nimeanza na kipimo hiki kwa kuwa sinema yenyewe imeegemea juu yake, na kwa kuwa ni miongoni mwa vitu vya kwanza kupotea sinema hiyo ilipotiwa sauti za Kiingereza mwaka 2002. Mimi niliiona mara ya kwanza Kilindoni, katika banda la video, kwa Kiingereza hicho. Kijana mwenye banda alisimama ubavuni pa televisheni akiwafasiria watoto kwa mdomo, maana kanda yake haikuwa miongoni mwa zile zilizokwisha tafsiriwa. Baadaye niliiona kwa Kijapani, yenye maandishi chini ya picha, pamoja na mwenzangu aliyejifunza lugha hiyo, akinisimamisha kila mara na kunieleza. Kisha niliirudia kwa Kiingereza, peke yangu, kalamu mkononi. Makala haya yametokana na tofauti nilizoziona baina ya kusikia huku na kule.

Kisa chenyewe ni kifupi kusimulia. Chihiro, mtoto wa miaka kumi, anahama na wazazi wake kwenda mji asioutaka. Wanapotea njia, wanapita katika handaki, wanatokea mahali penye mabanda ya vyakula pasipo mwuzaji. Wazazi wanakula bila ya kukaribishwa, nao wanageuka nguruwe. Usiku unaingia, na wageni wasio wanadamu wanafika kwa chombo kuja kuoga katika hamamu kubwa ya bibi mmoja mchawi aitwaye Yubaba. Kijana aitwaye Haku anamwonya mtoto kwamba katika nchi ile asiye na kazi hugeuzwa mnyama. Hana budi kuomba kazi, wala asikubali kufukuzwa. Jina la sinema kwa Kijapani lina neno kamikakushi, maana yake kufichwa na wale wasioonekana. Ndilo walilolisema Wajapani wa zamani mtoto alipotoweka pasipo sababu. Mtu aliyelelewa pwani ya kwetu amesikia neno la namna hiyo tangu utotoni: fulani alichukuliwa, akakaa siku kadhaa asikojulikana, akarudi kimya, na tangu siku hiyo akawa na jambo. Mafia husimuliwa habari za mashetani ya nchi kavu na za majini ya baharini, na hakuna mtoto awezaye kushangaa kwamba kupita mahali pasipo ruhusa na kula kisichokuwa chako kuna gharama.

Basi mtu angetazamia kwamba sinema hii, ikifika Mafia, ingefika nyumbani. Haikufika moja kwa moja. Ilipitia kwanza mlango wa Marekani, na mlangoni pale ilivuliwa vitu na kuvishwa vingine.

Turudi kwenye jina. Yubaba hampi Chihiro kazi ila kwa mkataba. Mtoto anaandika jina la ukoo na jina lake, alama nne kwa jumla. Yubaba analisoma, anasema kwamba ni jina la anasa, kisha anapitisha mkono wake juu ya karatasi, na alama tatu zinang'oka na kurukia kiganjani mwake. Inabaki moja, ile ya "elfu". Alama hiyo ikisimama peke yake husomwa kwa sauti nyingine, sen, na tangu saa ile mtoto ni Sen. Tazama kilichochukuliwa na kilichoachwa. Pima imeondoka, elfu imebaki. Kina kimeondoka, imebaki hesabu. Na lile neno "anasa" ni hukumu ya tajiri juu ya mtumishi, kwamba jina refu hivi si haki ya mtu wa kusugua sakafu.

Katika Kiingereza Yubaba hasemi kwamba jina ni la anasa. Asema kuwa ni zuri, kisha asema kuwa sasa ni lake. Wizi upo, lakini sababu ya wizi imetoweka: bibi amependa kitu kizuri akakitwaa, kama mtoto atwaavyo kigae kinachong'aa. Tena mtazamaji asiyejua kusoma zile alama aziona zikiruka, wala hajui kwamba Sen ilikuwa ndani ya Chihiro tangu mwanzo. Asikia sauti mbili zisizo na udugu. Ajua kwamba mtoto amebadilishwa jina, lakini hajui kwamba amepunguzwa.

Huku kwetu tofauti hii si ndogo. Katika karne ya 19 mashamba ya minazi ya Mafia yalitumikiwa na watumwa, na desturi ya pwani ilikuwa kwamba mtumwa alipewa jina jipya na bwana wake: Faida, Baraka, Mabruki, majina yaliyosema heri ya mwenye mali wala hayakusema lo lote juu ya mwenye kuitwa. Aliyezaliwa bara na jina la babu yake aliteremka chomboni akiwa Faida. Zile alama zikiruka juu ya karatasi ya Yubaba, Mswahili anayejua historia yake angeweza kuona jambo alijualo sana, lau angeambiwa ni nini kinachoruka. Kiswahili kingeweza kumwambia. Mfasiri angeweza kumwita mtoto Pimaelfu, akabaki Elfu. Sisemi kuwa ni lazima afanye hivyo. Pimaelfu ni jina zito mdomoni, na watoto wa Kilindoni wangecheka kwanza kabla ya kuhuzunika. Lakini uwezo huo lugha yetu inao, na ni haki yake kuujaribu.

Liko jambo jingine ambalo Kijapani na Kiswahili hukutana, na Kiingereza hupita mbali. Maneno ambayo Chihiro anafundishwa kuyarudia, na kwayo anaokoka, ni ombi lililojengwa ndani ya kitenzi chenyewe: si kwamba anataka kazi, bali aomba atiwe katika kutumika. Sisi tungesema "nitumikishe", na neno moja lingetosha. Katika Kiingereza anaomba apewe kazi, kama mtu aombavyo kitu kilicho juu ya rafu. Hakuna kosa la tafsiri hapo. Kiingereza husema hivyo. Lakini unyenyekevu uliokuwa ndani ya kitenzi umepotea, na pamoja nao umepotea ule ujanja wa kisa, kwamba mtoto anajipatia kinga kwa kujishusha, akatumia adabu kama ngao. Kila mtoto wa Mafia aliyepata kuponea fimbo kwa shikamoo ajua ngao hiyo.

Adabu imejaa katika majina pia. Mzee mwenye mikono sita anayechochea tanuri la maji huitwa Kamaji, na mwisho wa jina lake ni "babu": Babu wa Tanuri. Katika Yubaba mna "ajuza" na mna "maji moto". Hata yule mgeni mchafu, lundo la tope linalotembea na kunuka hata chakula kikaoza mbele yake, huitwa na wafanyakazi wa hamamu kwa jina la heshima mwanzo na mwisho, kana kwamba tungesema "Mheshimiwa Uvundo". Kiingereza kilimwita pepo mwenye kunuka, basi. Jambo hilo laweza kuonekana dogo mpaka Chihiro anapomwogesha, akavuta kitu kilichomchoma ubavuni, ikatoka baiskeli, na nyuma ya baiskeli takataka za dunia nzima, na ikadhihirika kwamba uvundo ule ulikuwa mto mkubwa wenye enzi, uliochafuliwa na wanadamu. Wale waliomwita Mheshimiwa huku wameziba pua walikuwa wamesema kweli pasipo kujua.

Na Haku mwenyewe ni mto. Yeye pia alitwaliwa jina, akalisahau kabisa, hata Chihiro alipomkumbusha. Jina lake la Kijapani ni refu, lenye mwendo wa majina ya miungu ya kale, na mwisho wake ni nushi, yaani mwenye, bwana wa mahali. Katika Kiingereza anaambiwa kwamba yeye ni Mto Kohaku. Hapo mwenye mto amekuwa mto, na aliyekuwa mtu wa enzi amekuwa jina katika ramani. Sisi wa pwani tuna neno mwinyi, na hata leo mtu akikatazwa kukata mti fulani au kuoga katika kisima fulani ataambiwa kwamba pale pana mwenyewe. Mto wa Haku ulifukiwa, nyumba zikajengwa juu yake. Hivyo mwenye mto hana mto. Uchungu huo hausemeki mtu akiwa ni mto tu, kwa maana mto ukifukiwa umekwisha, bali mwenyewe hubaki, naye hutafuta pa kukaa. Ndiyo sababu Haku amekuwa mtumishi wa Yubaba.

Sitaki nionekane kwamba nawadharau waliofanya kazi ile. Kirk Wise aliyeiongoza, na Cindy Davis Hewitt na Donald Hewitt walioandika maneno, walikuwa na mzigo usio mwepesi: neno lazima lilingane na mdomo uliokwisha kuchorwa kwa lugha nyingine, likianza unapofunguka na kukoma unapofumba. Jina walilolipa sinema kwa Kiingereza, lenye maana ya kuchukuliwa na pepo, ni zuri sana. Suzanne Pleshette aliyempa Yubaba sauti hakuharibu kitu. Pahala fulani Chihiro anakanyaga mdudu wa uchawi, na Babu wa Tanuri anamkata nuksi kwa ishara ya vidole ambayo kila mtoto wa Kijapani aijua katika michezo yake. Mfasiri akaongeza maneno machache ya kueleza kwamba ni bahati mbaya na lazima iondolewe. Aliongeza, na alifanya vema. Na ile safari ya gari la moshi juu ya maji, ambayo kwa maoni yangu ni sehemu iliyo bora kuliko zote, waliiacha na kimya chake. Sinema ilipata zawadi ya Dubu wa Dhahabu Berlin mwaka 2002, na ya Oscar mwaka 2003, na pasipo kazi ya watu hawa huenda isingefika katika banda la Kilindoni hata kidogo.

Lakini kimya kingine hawakukiacha, na hapo ndipo ugomvi wangu nao.

Ili kufahamu jambo hili yafaa kukumbuka yaliyotangulia. Sinema ya Miyazaki ya mwaka 1984 juu ya Nausicaä ilifika Marekani mwaka 1985 ikiwa imekatwa zaidi ya dakika ishirini na kubadilishwa jina, hata ikawa kisa cha vita tu. Tangu hapo yeye na wenzake wakashika sharti moja: asikate mtu. Kampuni ya Disney ilipopata haki za kuzieneza sinema zao katika miaka ya 1990, sharti hilo lilikuwapo. Mkasi ukakatazwa. Lakini ulimi haukukatazwa. Picha ilibaki nzima, na pahala po pote ambapo kinywa hakionekani, mtu akiwa ameupa mgongo uso wa picha, au akiwa ndani ya gari, paliweza kutiwa neno.

Mfano ulio wazi ni sinema ya mwaka 1989 juu ya Kiki, mchawi mdogo mwenye paka aitwaye Jiji ambaye husema naye. Kiki anapoingia katika utu uzima anapoteza uwezo wake, na sauti ya paka inageuka kuwa mlio wa paka. Uwezo wa kuruka unarudi. Sauti ya paka, kwa Kijapani, hairudi. Sinema inakwisha na paka analia kama paka, na Kiki ameridhika. Katika Kiingereza cha mwaka 1998 paka anasema tena mwishoni. Neno fupi, na kisa chote kimepinduka: hasara iliyokuwa ya kweli imekuwa homa iliyopoa. Waliona wenyewe, maana katika toleo la 2010 nyongeza kadhaa za namna hiyo zimeondolewa. (Katika Kiingereza kile cha kwanza Kiki hanywi kahawa ya Wajapani bali kakao, nadhani kwa kuwa Wamarekani hawapendi kuona mtoto akinywa kahawa. Mafia, ambako kahawa ya kikombe kidogo hunywewa barazani tangu asubuhi, hofu hiyo ingechekesha.)

Sasa tazama mwisho wa sinema ya Chihiro. Haku amemwambia asigeuke nyuma mpaka atoke handakini. Wazazi wake, ambao wamerudi kuwa watu na hawajui lo lote, wanatangulia. Anapita handakini akiwa amemshikilia mama yake mkono, na mama anamkemea kwamba anamzuia kutembea. Hapa Miyazaki amefanya jambo la ajabu: picha hiyo ni ile ile ya mwanzo. Mtoto amemshikilia mama yake kama alivyomshikilia siku ya kuingia, na mama amesema vile vile. Wakitoka, Chihiro anageuka kutazama handaki, na kile kifungio cha nywele alichopewa na Zeniba, ndugu pacha wa Yubaba, kinametameta. Anaingia garini. Gari linaondoka. Kwa Kijapani hakuna anayesema neno juu ya yaliyopita wala juu ya yajayo. Hatujui kama anakumbuka. Kifungio kipo, basi kitu kilitukia. Lakini mkono ule ule umeshika mkono ule ule.

Katika Kiingereza, gari linapoondoka, sauti ya baba yatoka ndani ikisema kwamba nyumba mpya na shule mpya zaweza kumtisha mtu kidogo, na sauti ya mtoto yajibu kwamba anadhani ataweza kuyamudu.

Ni sentensi mbili tu, wala sitii chumvi nikisema kwamba zimebadili maudhui ya sinema nzima. Kwanza zimejibu swali ambalo mwenye kazi aliliacha swali. Pili zimegombana na picha: jicho limemwona mtoto amebaki mtoto, na sikio laambiwa kwamba amekua. Tatu, na hili ndilo kubwa, zimegeuza yale yote yaliyompata kuwa mafunzo ya kumwandaa kwa shule. Wazazi waliogeuka nguruwe, mto uliofukiwa, jina lililonyang'anywa, yote yamekuwa ngazi ya mtoto mmoja kupandia kwenye ujasiri. Miyazaki amepata kueleza kwamba hakukusudia kisa cha kukua, bali cha mtoto kukuta ndani yake kitu kilichokuwamo tangu hapo. Tofauti ya mambo haya mawili ni tofauti ya elfu na pima elfu. Kukua huhesabika: jana sikuweza, leo naweza. Kina hakihesabiki kwa kukitazama juu. Mtu akiyaona maji ya kilindi na maji ya pima mbili usiku, yote ni meusi.

Kwa hiyo nasema kwamba walioitia sinema sauti za Kiingereza walimtendea Chihiro kama alivyomtendea Yubaba. Yule alipunguza jina lake akamwita Sen. Hawa walipunguza kimya chake wakamtia kinywani maneno ambayo hakuyasema, nao wakamwacha aendelee kuitwa Chihiro.

Hapana shaka msomaji atanijibu: je, vijana wetu wa mabanda hawaongezi? Waongeza mno. Marehemu au hai, mashuhuri au wasiojulikana, wafasiri wa sinema wa Afrika ya Mashariki wameishi kwa kuongeza. Kapteni Derek Gaspar Mukandala, aliyejulikana zaidi kwa jina la Lufufu, aliyeanza kufasiri mbele ya watazamaji katika mabanda ya Dar es Salaam na baadaye katika kanda zilizorekodiwa, hakuacha tajiri wa Kihindi wala jambazi wa Hong Kong bila ya kumpa methali, mtaa wa Dar es Salaam, na nasaha juu ya wanawake. DJ Afro wa Kenya amefanya hayo, na wenzao wa Uganda pia. Ukipima kwa wingi wa maneno yaliyotiwa, Kirk Wise ni mtu bahili mbele yao.

Lakini sikiliza jinsi wanavyoongeza. Mfasiri wa banda haondoi sauti ya kwanza. Huisikii vizuri, lakini ipo chini ya sauti yake, nawe wajua kwamba kuna mtu wa Hong Kong anayesema jambo na kuna mtu wa Manzese anayekuambia jambo. Hujificha nyuma ya mtu. Hutaja jina lake, hutania, husema "mimi Lufufu nakwambia". Akikosea, kosa ni lake. Akipamba, pambo ni lake. Watazamaji wa Kilindoni hawakudhani hata mara moja kwamba yale ya kijana wao yalisemwa Japani. Ni kazi ya msimulizi, na babu zetu waliosimulia hadithi za Abunuwasi walifanya hivyo hivyo. Kutia sauti kwa namna ya Marekani ni kazi nyingine: ni kumfuta msimulizi asionekane, ili neno lake litoke katika kinywa cha mtoto mwenyewe kwa sauti ya mtoto mwenyewe. Basi shutuma yangu si juu ya kuongeza. Ni juu ya kuongeza pasipo kuonekana.

Jambo hili latuhusu zaidi kuliko linavyowahusu Wamarekani. Mwaka 2011 Televisheni ya Taifa ilianza kuonyesha tamthilia ya Kichina ya Mao Doudou na mama wakwe zake, iliyotiwa sauti za Kiswahili huko China na watu wa Afrika ya Mashariki, ikapendwa hata Rais Xi Jinping akaitaja alipohutubia Dar es Salaam mwaka 2013. Tangu hapo kazi ya kutia sauti za Kiswahili imekuwa ajira na mashindano. Tamthilia ile ilitoka kwa Wachina wenyewe. Lakini sinema ya Chihiro ikitiwa Kiswahili kesho, ni nani atakayetafuta mtu ajuaye Kijapani? Njia iliyo rahisi ni kuchukua maandishi ya Kiingereza na kuyageuza. Hapo mtoto wa Mafia ataambiwa kwa Kiswahili safi kwamba jina la Chihiro ni zuri. Mwenye mto ataitwa mto. Na garini itatoka sauti ya mtoto wa Kiswahili ikisema kwamba ataweza kuyamudu. Hakutakuwa tena na mtu wa kumshitaki, kwa kuwa Kiswahili kitakuwa kimefasiri barabara kabisa. Kitakuwa kimefasiri nyongeza. Na lugha yenye pima, yenye mwinyi, yenye nitumikishe, yenye hamamu ambayo Seyyid Barghash aliijengea watu wa mjini Unguja, itakuwa imekwenda kuazima kwa jirani vitu ambavyo jirani hana na yenyewe inavyo.

Mwenzangu mmoja, mwalimu, amenipinga katika hili. Asema kwamba watoto hawasumbuki kwa kimya wala kwa alama za Kijapani, wataka kucheka na kuogopa, na kwamba mtu mzima ndiye apendaye maswali yasiyo na majibu kwa kuwa halali mapema. Sikumjibu vizuri siku ile. Jibu langu ni lile nililoliona katika banda, na nalieleza kama lilivyokuwa.

Sinema ilikuwa inakaribia mwisho, na jua lilikuwa limezama. Chihiro alikuwa handakini, amemshika mama yake. Ikaadhiniwa Magharibi kutoka msikiti ulio karibu, na kijana mwenye banda, kama ilivyo ada, akapunguza sauti ya televisheni mpaka isisikike, naye akanyamaza. Watoto wakanyamaza. Tukaona kifungio cha nywele kikimetameta, tukaona gari likipita katika majani, likaenda zake. Adhana ilipokwisha, mtoto mmoja wa kike aliyekuwa ameketi mbele kabisa akauliza kama yule anakumbuka. Kijana akasema kwamba sinema haikusema. Watoto wengine wakaanza kubishana, wengine kwamba anakumbuka kwa sababu ya kile kifungio, wengine kwamba hakumbuki kwa sababu mama yake alimkemea asiseme kitu. Wakatoka nje wakibishana, na nilipofika njia panda ya gatini nilikuwa nawasikia bado.

Hata niliporudia kuitazama kwa Kiingereza, miezi mingi baadaye, ndipo nilipojua kwamba ilikuwa imesema.